Uzi: Yangeyange, ndege wa maji aliyefuata ng'ombe mpaka akavuka bahari

#1 Ukingoni (mleta uzi)

Wakuu, salaam. Huu ndio ule uzi wa yangeyange niliouahidi kwenye mjadala wa korongo. Namaanisha yule mweupe mfupi anayetembea na ng'ombe malishoni. Tumemzoea kiasi kwamba macho yanampita tu, lakini kwa wanaofuatilia ndege huyu ni hazina. Ameenea karibu dunia nzima ndani ya umri wa babu zetu na baba zetu, na safari yake imeandikwa hatua kwa hatua.

Nianze na ukoo, maana hapo ndipo wengi hukosea. Yangeyange si korongo, na si kwarara, ingawa jina lake la kisayansi limebeba neno *ibis*, yaani kwarara. Ni wa familia ya kulastara, Ardeidae. Ukitaka kuhakikisha, mtazame akiruka. Kulastara hukunja shingo kama herufi S na kuegemeza kichwa mabegani, wakati korongo na kwarara huinyoosha mbele kama fimbo (marabu ndiye korongo anayevunja kanuni hii). Ukiwahi kumshika kulastara, angalia pia kucha ya kidole cha kati: ina meno madogo kama kitana, na ndicho anachojichania manyoya. Tena ana mabaka ya manyoya yanayosagika yenyewe kuwa unga, na unga huo anaupaka mwilini kuondoa utelezi wa samaki na uchafu.

Carl Linnaeus ndiye aliyempa jina rasmi mwaka 1758, akamwita *Ardea ibis*, na ndege aliyemwelezea alitoka Misri. Wamisri wa kale walimheshimu kwarara mweupe na mweusi, yule mtakatifu, na ni dhahiri majina yalichanganyika njiani, ndege wa ng'ombe akabaki na jina la ndege wa hekaluni. Sheria za kutoa majina haziruhusu kulifuta kwa sababu tu halifai, kwa hiyo *ibis* lipo mpaka leo.

Mwaka 1855 Charles Lucien Bonaparte akamtenga kwenye jenasi (kundi la spishi za karibu) yake mwenyewe, *Bubulcus*, neno la Kilatini lenye maana ya mchunga ng'ombe. Hili ni jina zuri kuliko yote aliyopewa, na nitaeleza baadaye kwa nini sasa linaondoka.

Nitaendelea jioni na habari ya safari. Karibuni kwa maswali.

#2 Nyasi Ndefu

Mkuu, asante kwa uzi. Mimi tangu mdogo naambiwa huyu ndege anakula kupe wa ng'ombe, ndiyo maana wafugaji hawamfukuzi. Na wewe mbona hujalitaja hilo?

#3 Mbuga Pana

Naomba nimjibu Nyasi Ndefu, maana nimechunga tangu nikiwa mtoto. Kupe anamla akimwona, hilo kweli, lakini si kazi iliyompeleka pale. Nimekagua ng'ombe jioni baada ya kushinda na yangeyange kutwa nzima, kupe wapo palepale: chini ya mkia, masikioni, kwenye kiwele. Ndege anayetoa kupe mwilini ni shashi, yule anayeng'ang'ania ngozi ya nyati na twiga kwa kucha. Yangeyange yuko chini, kwenye nyasi.

Mtazameni anavyokaa. Hakai nyuma ya ng'ombe wala mgongoni (mgongoni hupanda kupumzika au kuchungulia). Anakaa ubavuni, usawa wa mguu wa mbele au pembeni ya pua. Siku moja nilikuwa nimekaa chini ya mti, ng'ombe yuko kama hatua ishirini. Anang'oa nyasi, anapiga hatua, anang'oa tena. Yangeyange kasimama karibu na bega la kushoto, kichwa kimetulia tuli lakini shingo inayumba huku na huku, kama mtu anayepima umbali kabla ya kurusha mkuki. Panzi akaruka kutoka chini ya pua ya ng'ombe. Hakutua. Halafu ndege akasogea hatua mbili, akarudi kwenye nafasi yake ileile ya begani.

Ng'ombe anamfanyia kazi ya kumfurushia wadudu.

#4 Ukingoni (mleta uzi)

Mbuga Pana, umemaliza. Na hicho ulichokiona wewe kimepimwa. Yangeyange anayefuata mnyama mkubwa anaweza kufanikiwa kukamata windo hadi mara 3.6 zaidi ya yule anayewinda peke yake. Waliochunguza Marekani wakaona pia kwamba anachagua mwendo: anapenda ng'ombe wanaopiga hatua 5 hadi 15 kwa dakika. Akilala ng'ombe, hakuna wadudu wanaoruka. Akikimbia, ndege anachoka bure. Trekta linalolima analifuata pia na anashiba, ila inabidi atembee zaidi.

Matumbo yake yakipasuliwa, kinachojaa ni panzi, nyenje, inzi, mabuu, buibui, wakati mwingine vyura. Kupe ni wachache mno. Lakini imani ya kupe ni ya zamani kweli. Kule Misri Waarabu wanamwita *abu qirdan*, na *qirdan* ni kupe. Baba wa kupe! Ndiyo nchi ileile aliyotoka ndege wa Linnaeus.

Sasa safari.

Makao yake ya asili, kwa huyu wa magharibi, yalikuwa Afrika ya tropiki na kusini mwa Hispania na Ureno. Ndugu yake wa mashariki alikuwa India na Asia ya kusini-mashariki. Kabla ya ng'ombe wa kufugwa alikuwa na nyati, tembo, kifaru, kiboko akitoka majini kula nyasi. Hao ndio waliomfundisha. Ng'ombe alipokuja, kwa yangeyange alikuwa nyati mpole tu.

Mwishoni mwa karne ya 19 akaanza kushuka kusini mwa Afrika, na mwaka 1908 viota vikaonekana katika Jimbo la Cape. Mashamba ya umwagiliaji na mifugo vilikuwa vimemtangulia.

Lakini tayari kulikuwa na jambo lingine upande wa pili wa bahari. Mwaka 1877 yangeyange alionekana mpakani mwa Suriname na Guiana ya Uingereza, ambayo leo ni Guyana. Afrika na Amerika ya Kusini, pale zinapokaribiana zaidi, zimeachana karibu kilomita 2,900 za maji matupu. Aliyeonekana 1877 hakuacha jamii iliyodumu. Ikapita zaidi ya miaka 50. Miaka ya 1930 ndipo walipoota mizizi kweli kaskazini mwa bara lile, na kuanzia hapo hawakushikika:

Florida, mara ya kwanza 1941, watu wakadhani ametoroka kwenye kizimba cha mtu, wakapuuza. 1952 akapatikana Massachusetts, mbali huko kaskazini, na hapo wataalamu wakashtuka. 1953 kiota cha kwanza kwenye Ziwa Okeechobee, hukohuko Florida. 1957 Cuba. 1958 Costa Rica. 1962 anataga Kanada! 1963 Mexico. 1964 anaonekana kwenye kisiwa cha Marajó, mdomoni mwa mto Amazon, akiwa na nyati maji waliofugwa pale.

Hebu hesabuni. Kutoka kiota cha kwanza Florida hadi kiota cha kwanza Kanada ni miaka 9.

#5 Manyoya

Mkuu Ukingoni, hapo kwenye kuvuka bahari nina mashaka. Ndege wa gramu ngapi huyo? Kulastara hawana mabawa ya kuelea kama albatrosi. Kwa nini tusiseme aliletwa na meli? Meli za wakati ule zilibeba ng'ombe, na ndege angeweza kupanda melini kama anavyopanda mgongoni.

#6 Ukingoni (mleta uzi)

Swali la haki, Manyoya. Uzito wake ni kati ya gramu 270 na 512, mabawa yakinyooshwa yanafika sentimita 88 hadi 96. Si mkubwa.

Hakuna aliyeandika kwamba alipandisha yangeyange melini na kumshusha Guiana. Kinyume chake, makundi yake yameonekana yakiruka katikati ya Atlantiki. Na pepo za kudumu za eneo lile zinavuma kutoka mashariki kwenda magharibi, yaani kutoka Afrika kwenda Amerika ya Kusini.

Hoja inayonishawishi zaidi ni tabia ya vijana wao. Kinda akishajitegemea, akiwa na siku kama 45, haendi upande mmoja kama ndege wahamao. Wanatawanyika kila upande. Kuna waliopatikana hadi kilomita 5,000 kutoka walikozaliwa. Na ushahidi kwamba hawachagui ni huu: wengine huishia South Georgia, kisiwa cha barafu kusini mwa Atlantiki, ambako hakuna ng'ombe wala panzi. Wanafika, wanatembeatembea ufukweni siku kadhaa, wanakufa kwa njaa. Nikifikiria ndege wa mbuga amesimama kwenye theluji akitafuta panzi, naumia kweli.

Kwa hiyo sidhani kwamba mwaka 1877 ndiyo ilikuwa mara ya kwanza upepo kuwachukua. Yawezekana yangeyange wametupwa Amerika kwa maelfu ya miaka, na kila mara wakafa bila kuzaa, kwa sababu kule hapakuwa na mnyama wa kumfuata kwenye pwani ile ya misitu. Kilichobadilika ni nchi kavu. Misitu ilikatwa, malisho yakafunguliwa, mpunga ukapandwa, ng'ombe wakajazwa. Upepo ulikuwa uleule.

#7 Manyoya

Hapo nimekuelewa, na nakubali. Nilikuwa naangalia bahari peke yake, kumbe jibu liko nchi kavu.

#8 Tope la Jana

Nimefurahia sana uzi huu. Naomba niongeze upande wa Australia, kwa kuwa nimewahi kuufuatilia.

Kule alifika yule wa mashariki. Mwaka 1933 watu waliwaachia yangeyange huko Western Australia kwa makusudi, wakitegemea watakula kupe wa ng'ombe (imani ileile!). Jaribio halikufaulu. Halafu miaka ya 1940 yangeyange wakaingia kaskazini mwa Australia wenyewe, wakakaa. Miaka ya 1960 wakafika New Zealand, na mpaka leo wengi wa New Zealand ni wageni wa msimu wa baridi wanaovuka bahari kutoka Australia.

Mnaliona hilo? Aliyebebwa alishindwa, aliyekuja mwenyewe akaweza.

#9 Dirisha la Mashariki

Tope la Jana, hapo nina neno. Hawaii alibebwa, na akaweza, tena akazidi. Mwaka 1959 walipelekwa kutoka Florida ili wapunguze inzi wanaosumbua ng'ombe. Leo ni tatizo. Wanakula makinda ya ndege wa majini wa visiwa vile, ndege ambao hawapatikani kwingine duniani, na kwenye viwanja vya ndege ni hatari kwa injini. Mwaka 2017 serikali ya Marekani ilitoa amri maalumu ya kuruhusu wapunguzwe Hawaii.

Na kwa nini amri maalumu ilihitajika? Kwa sababu sheria ya Marekani ya ndege wahamao inamlinda. Bara alifika mwenyewe, kwa hiyo kisheria ni ndege wa kwao kama wengine. Ndege mmoja, nchi moja, pwani ya Florida ni mwenyeji na Hawaii ni mvamizi. Mimi naona sheria imefanya vyema kutazama namna alivyofika na madhara yake, badala ya sura yake tu.

Visiwa vya Chagos, katika Bahari ya Hindi, walipelekwa 1955. Seychelles nako wanakula mayai ya ndege wa baharini wanaotaga chini kwa makundi. Tukimsifu tusisahau upande huu.

#10 Ukingoni (mleta uzi)

Dirisha la Mashariki, nakushukuru, na umenisahihisha vizuri. Kisiwa ni kitu kingine kabisa. Ndege anayetaga chini mahali ambapo hapakuwa na adui hana ulinzi wowote dhidi ya mdomo ule.

Upande wa Ulaya niupitie haraka. Alikuwa amebanwa kusini mwa Hispania na Ureno. Mwaka 1958 akataga kusini mwa Ufaransa, 1981 kaskazini mwa Ufaransa, 1985 Italia, 2008 Uingereza. Ni polepole ukilinganisha na Amerika, na sababu kubwa ni baridi: mwaka wa baridi kali huwafyeka wengi.

#11 Nyasi Ndefu

Ukingoni uliahidi kutuambia kwa nini jina la *Bubulcus* linaondoka. Pia mmeanza kusema "wa magharibi" na "wa mashariki" kama vile ni ndege wawili. Ni wawili au ni mmoja?

#12 Ukingoni (mleta uzi)

Naam, deni hilo. Tuchukue moja moja.

Kuhusu mmoja au wawili. Yule wa mashariki alipewa jina mwaka 1783 na Boddaert, *coromanda*, kutokana na pwani ya Coromandel nchini India. Kwa muda mrefu alihesabiwa nususpishi tu, yaani tawi ndani ya spishi moja. Mwaka 1988 McAllan na Bruce walipendekeza watenganishwe kuwa spishi mbili, na baadhi ya orodha za ndege zikafuata, nyingine zikagoma. Katika miaka hii ya karibuni orodha kubwa zimekubaliana: ni wawili.

Nje ya msimu wa kuzaa huwezi kuwatofautisha kwa urahisi. Wote weupe, mdomo wa njano. Msimu ukifika ndipo tofauti inajitokeza. Wa magharibi hupata rangi ya machungwa hafifu, kama chai ya maziwa, juu ya utosi, kifuani na mgongoni, lakini mashavu na koo hubaki meupe. Wa mashariki rangi yake ni kali zaidi, inaelekea dhahabu, na inafunika mashavu na koo vilevile, kama amechovya kichwa chote kwenye manjano. Pia mdomo na miguu yake ni mirefu kidogo.

Kuhusu jenasi, ndugu zangu, hapa nakiri nina huzuni kidogo. Ndege huyu amehamishwa sana. Vitabu vya katikati ya karne iliyopita vingi vinamwita *Ardeola ibis*, pamoja na wale kulastara wadogo wa madimbwini. Wengine walimweka *Egretta*, na yangeyange wa majini. Kwa sura walikuwa na haki: mweupe, mwembamba, manyoya ya mapambo. Lakini mwaka 1987 Sheldon alipolinganisha DNA za kulastara, huyu alionekana karibu na *Ardea*, yaani wale wakubwa warefu wa kijivu, kuliko na *Egretta*. Mwaka 2023 ukatoka utafiti mpana zaidi wa vinasaba vya familia nzima, ukaonyesha kwamba yangeyange wa ng'ombe yumo *ndani* ya *Ardea*, katikati ya ndugu zake.

Hapo hakuna ujanja. Ukoo ni wazazi na wazao wao wote. Huwezi kumtoa mjukuu mmoja ukamfanyia ukoo wake kwa sababu tu amekuwa mfupi na amependa kukaa na ng'ombe, halafu binamu zake ukawaacha. Ama *Ardea* yote igawanywe vipande vipande, ama *Bubulcus* irudi nyumbani. Wameamua irudi. Sasa orodha mpya zinaandika *Ardea ibis*, jina lilelile alilolitoa Linnaeus mwaka 1758. Wa mashariki ni *Ardea coromanda*.

#13 Manyoya

Swali dogo la lugha mkuu. Kwenye vitabu vyangu wa mashariki ni *coromandus*. Wewe umeandika *coromanda*. Ni kosa la uchapaji?

#14 Ukingoni (mleta uzi)

Si kosa, na nafurahi umeona. Kilatini kina jinsia, na sifa hufuata jina kama ngeli zetu zinavyofuata nomino. *Bubulcus* ni ya kiume, kwa hiyo *coromandus*. *Ardea* ni ya kike, kwa hiyo *coromanda*. Ni kama "kiti kizuri" kikigeuka "meza nzuri". *Ibis* ni nomino, halibadiliki.

#15 Mbuga Pana

Naomba niulize jambo ambalo linanisumbua. Mnasema huyu ni wa familia ya ndege wa majini, na sasa amewekwa na wale wakubwa wanaosimama mtoni. Lakini mimi sijamwona akivua samaki. Anaweza kushinda mita mia kutoka bwawani na asilisogelee. Amesahau?

#16 Ukingoni (mleta uzi)

Mbuga Pana, hili ndilo swali nililokuwa nalisubiri.

Chovya kijiti kwenye maji safi, utaona kama kimevunjika pale kinapoingia. Mwanga unapinda. Samaki unayemwona kutoka juu hayupo mahali unapomwona. Kulastara wa majini analijua hilo kwa mwili wake: anadunga pembeni ya anapoona, na anampata. Yangeyange wa ng'ombe alipopimwa, alionekana amepoteza uwezo huo wa kusahihisha. Akidunga ndani ya maji anakosea. Macho yake yamekaa vizuri kwa kazi ya nchi kavu, yote mawili yanakutana mbele ya ncha ya mdomo, anapima umbali wa panzi kwa usahihi mkubwa. Lakini maji yanamdanganya.

Kwa hiyo umeona sawasawa. Miguu mirefu anayo, kwa urithi. Shingo ya kudunga anayo. Hesabu ya maji ndiyo iliyopotea. Wakati wa kuzaa ndipo anarudi majini: anajenga viota kwenye miti ya kando ya maji au visiwani, pamoja na kulastara wengine, minandi na kwarara, viota mamia vimesongamana. Mayai kwa kawaida 3 au 4, meupe yenye ubluu hafifu, wanaatamia wote wawili kwa siku kama 23. Miti chini ya viota hukauka kwa kinyesi.

Na oda yao yenyewe (kundi linalojumuisha familia kadhaa) imehamishwa, kwa anayependa kujua. Zamani kulastara, korongo na kwarara waliwekwa pamoja kama Ciconiiformes kwa sababu ya miguu mirefu. Utafiti wa vinasaba, hasa ule mkubwa wa mwaka 2008, ukaonyesha kulastara na kwarara wako karibu na mwari na fundichuma kuliko na korongo. Sasa wako Pelecaniformes, na korongo wamebaki peke yao kwenye oda yao. Miguu mirefu imewahi kuwahadaa wengi.

#17 Dirisha la Mashariki

Nirudi kwenye kupe, kwa maana kuna sehemu ya habari hii ambayo wafugaji wanapaswa kuijua.

Visiwa vya Karibi vina kupe wa Kiafrika anayeitwa *Amblyomma variegatum*, anayebeba ugonjwa wa maji moyo. Alifika Guadeloupe karne ya 19 na ng'ombe waliotolewa Senegal. Kwa zaidi ya miaka mia alikaa kwenye visiwa vichache tu. Kisha kuanzia miaka ya 1960 akaanza kutokea kisiwa baada ya kisiwa. Ni wakati uleule ambao yangeyange walikuwa wameshaingia Karibi na kuongezeka. Mwishoni mwa miaka ya 1980 watafiti waliwatia alama yangeyange wa Guadeloupe, na ndege wale wakaonekana kwenye visiwa vingine. Kupe wachanga wa aina hiyo hujishika kwenye ndege, na yangeyange akitua katikati ya ng'ombe wa kisiwa kipya, kupe anadondoka palepale anapotaka.

Kupe alitangulia kwa meli, akakaa na kusubiri, na ndege kutoka bara lilelile akafuata kwa upepo. Walikutana huko ng'ambo.

#18 Mbuga Pana

Duh. Hili limenikalisha chini. Kumbe tunamsifu kwa kumla, na yeye anambeba. Basi lile jina la Waarabu, baba wa kupe, lina kweli ndani yake kuliko walivyokusudia.

Kwetu sisi ambao kupe huyo yupo tayari kila malisho, ndege haongezi kitu. Lakini mwenye mifugo kwenye kisiwa kisicho na kupe huyo ana haki ya kumtazama kwa wasiwasi.

#19 Tope la Jana

Kabla uzi haujatulia, naomba msaada. Juzi nilimwona yangeyange mwenye mdomo mwekundu na miguu myekundu, hata jicho lilikuwa jekundu. Nilidhani ni spishi nyingine. Nimepekua picha nyingi sijampata.

#20 Ukingoni (mleta uzi)

Una bahati. Ni huyuhuyu. Siku chache kabla ya kupata mwenzi, mdomo, miguu na macho yake hugeuka mekundu kabisa, na ngozi ya kati ya jicho na mdomo huiva. Haidumu. Wakishaungana rangi inashuka, mdomo unarudi njano. Rudi palepale wiki hii mapema asubuhi, na uangalie mashavu na koo: yakiwa meupe, ni wa magharibi. Kama kuna maji karibu yenye miti, tafuta viota. Mwekundu wako hatakuwa mbali navyo.